Jina Lililotajwa Kortini

Jibu la Mzee Sharif lilipofika hatimaye, halikuwa la kukubali wala la kukataa. Alimtuma dada yake, Bi Mabruka, aseme: "Wazee wa huyo kijana na waje Jumapili baada ya alasiri. Tutawasikiliza." Basi. Lakini Twahir Osundwa, aliyekuwa ameyasubiri maneno hayo kwa miaka miwili, aliyapokea kama mtu aliyekabidhiwa ufunguo wa nyumba yake mwenyewe. Siku hiyo hiyo alipeleka simu Mumias, baba yake mdogo na wazee wenzake wakate tikiti za gari la moshi. Jioni alirudi Muthangari, mtaa wa Nairobi, kwenye nyumba ya serikali aliyopewa tangu ateuliwe kuwa hakimu, akapita chumba hadi chumba akiwaza mapazia.

Kukataliwa kwa adabu muda wote huo si jambo jepesi kwa mwanamume mwenye kujithamini. Mzee Sharif aliuza kanzu, kofia na manukato katika duka lililo nyuma ya Msikiti wa Jamia, na asili yake ilikuwa Lamu, katika ukoo wa watu wanaoweza kukutajia mababu zao mpaka ukasinzia. Hakumchukia Twahir. Kila Ijumaa walipeana mikono msikitini. "Kijana mwema," alizoea kusema, "msomi, mswalihina. Lakini kufu ni kufu, nasaba kwa nasaba." Twahir alikuwa Mluhya wa Mumias. Babu yake alisilimu akiwa mtu mzima, na huko ndiko nasaba yake ya Kiislamu ilikoanzia, wala hakutaka kuipamba.

Naye Saleha? Walikutana Dar es Salaam, katika kitivo cha sheria, Twahir akiwa mwaka wa mwisho. Walipangwa kuwa mahasimu katika mahakama ya mazoezi. Saleha alisimama akiwa na mtandio mweupe kichwani, akaibomoa hoja yake jiwe baada ya jiwe bila kupandisha sauti. Alipomaliza alimtazama mara moja tu, kisha akashusha macho kuzipanga karatasi zake. Twahir alipoteza kesi na moyo wake pia, na tangu siku hiyo hakuwahi kumfikiria mwanamke mwingine. Sasa Saleha alikuwa mwanagenzi wa uwakili katika ofisi moja ya Gavamenti Rodi, akikaribia kuapishwa. Wote wawili walijua kwamba wanapendana. Mtu anayejua hana haja ya kusema; hivyo ndivyo Twahir alivyoamini.

Alhamisi asubuhi, hakimu wa korti jirani aliamka na homa, na kesi zake zikagawiwa wenzake. Twahir alipanda jukwaani, akainamisha kichwa, akaketi. Faili la kwanza lilifunguliwa mbele yake wakati ule ule mwendesha mashtaka alipoita: "Jamhuri dhidi ya Amin Sharif. Kuendesha gari bila uangalifu."

Ndani ya kizimba alisimama ndugu mdogo wa Saleha.

Twahir hakuwa amesikia habari yoyote ya ajali. Alilisoma shtaka haraka. Kijana alikuwa akiendesha pikapu ya duka kutoka Waithaka, akamgonga mtu mwenye baiskeli aliyekuwa akipeleka maziwa mjini. Mtu huyo, Waweru, alikuwa ameketi kwenye benchi la mbele, mguu wake umefungwa plasta, magongo yameegemezwa ubavuni. Upande wa pili aliketi Bi Mabruka ndani ya buibui lake, tasbihi mkononi.

Amin aliinua uso, akamtambua aliyeketi juu. Kisha, ole wake kijana, akatabasamu.

Lilikuwa tabasamu fupi la mtu aliyeona mlango wazi. Lakini Waweru aliliona. Alimtazama Amin, akamtazama hakimu, kisha akaukunja uso wake polepole, kama mtu anayefunga duka mapema kwa kujua kwamba leo hapatauzwa kitu.

Twahir aliahirisha kikao kwa muda mfupi, akaenda moja kwa moja ofisini kwa mkubwa wake, hakimu mwandamizi aliyeitwa Isaiah, mtu mnene mwenye subira na kikombe cha chai kisichokauka.

"Siwezi kuisikiliza kesi hii, Mzee. Nakusudia kumwoa dada wa mshtakiwa."

Isaiah aliweka kikombe chini. "Hongera! Mmechumbiana lini?"

"Bado. Wazee wangu wanakwenda Jumapili."

"Umemvisha pete?"

"Hakuna pete. Hakuna lolote mpaka Jumapili."

"Basi, bwana, kwa sasa wewe ni mtu anayempenda dada wa mtu." Isaiah alicheka mpaka kiti kikalia. "Tukianza kujitoa kwa sababu hiyo, tutaifunga mahakama hii na kuwakodishia watu wa sinema."

"Sitaisikiliza."

"Usiisikilize. Lakini mimi sihamishi kesi kwa mnong'ono. Kuna mwananchi pale amevunjika mguu, naye atauliza kwa nini amerudishwa nyumbani. Jitoe hadharani. Toa sababu, iandikwe, kisha nitampa mwenzako."

"Mzee, kwa watu hawa binti hatajwi kabla ya posa kufika."

"Hilo ni lako na watu hawa," alisema Isaiah kwa upole. "Mimi ninao mguu uliovunjika."

Twahir alirudi jukwaani akiwa ameshikwa pande zote mbili. Ningetaka kusema kwamba alipima maneno yake. Ukweli ni kwamba alipima dhamiri yake tu, na dhamiri ya mtu aliyekulia katika shule ya bweni, ambako aliyesema nusu ya kweli alichapwa sawasawa na mwongo, haipimiki kwa kijiko. Macho ya Waweru yalikuwa bado juu yake. Twahir alitaka mtu yule asibaki na shaka hata chembe.

Alisema kwa Kiingereza, kwa sauti ya chini, kwamba hataisikiliza kesi hiyo. Kwamba anakusudia kumwoa dada wa mshtakiwa, Saleha binti Sharif. Na kwamba posa itapelekwa kwao Jumapili.

Kitu kimoja alikisahau. Amin alikuwa ameomba kesi ifasiriwe kwa Kiswahili ili shangazi yake aifuate, na kwa hiyo, chini ya jukwaa, alisimama mkalimani.

Shem alikuwa mtu wa Maragoli, kiongozi wa kwaya, mwenye sauti iliyozoea kufika benchi la mwisho la kanisa lililojaa. Kazini kwake alikuwa na sheria moja: neno lililotoka jukwaani halianguki chini. Alijaza kifua pumzi.

"Mheshimiwa anasema hawezi kusikiliza hii kesi! Anasema yeye anataka kuoa dada ya mshtakiwa! Jina lake, Saleha binti Sharif! Anasema posa inapelekwa huko kwao siku ya Jumapili!"

Kisha korti ikalipuka.

"Hongera, Mheshimiwa!" mtu alipaza sauti kutoka nyuma.

"Na sisi tumealikwa ama?"

"Kimya kortini!" alifoka askari, naye mwenyewe akiuma midomo asicheke.

Waweru alijiinua juu ya magongo yake. "Mimi nashukuru, Mheshimiwa. Umesema ukweli. Lakini huyo mwingine mtanipatia, tafadhali muulize kwanza kama hao watu hawana msichana mwingine."

Safari hii hata mwendesha mashtaka alicheka. Bi Mabruka hakucheka. Aliivuta shela ya buibui mpaka ikamfunika uso wote, akanyanyuka, akatoka nje ya korti taratibu, kama mtu anayetoka matangani.

*

Alasiri ile Twahir hakungoja kuitwa. Alikwenda dukani kwa miguu, akiwa bado na suti yake nyeusi ya kazi. Mzee Sharif alikuwa akikunja kanzu mezani, mkono juu ya mkono, shingo juu ya shingo.

"Assalamu alaykum, Mzee."

"Wa alaykum salaam." Hakusema karibu. Kwa mtu wa Lamu, kutosema karibu ni sawa na kupiga kofi.

"Nimekuja kukueleza mwenyewe."

"Umechelewa. Habari nimeipata kwa muuza magazeti wa pale pembeni. Amenipa mkono wa hongera. Nikamwuliza, hongera ya nini? Akanieleza yeye, mimi baba mtu, posa ya binti yangu inakuja siku gani."

"Nilikuwa nimebanwa, Mzee. Kuna mtu pale alivunjwa mguu. Nisingeweza kuihukumu kesi yake, na nisingeweza kumficha sababu."

"Nakuamini," alisema Mzee Sharif, na hilo lilimwuma Twahir kuliko matusi. "Tena nakusifu. Mwenye haki hafichwi. Sasa nisikilize na mimi, kwa kuwa nimekwisha kukusikiliza. Nikiwapokea wazee wako Jumapili, na mwanangu akaachiliwa, watu watasema Sharif amelipa kwa binti. Mwanangu akipatikana na hatia, watasema hata binti hakutosha. Niambie, Bwana Hakimu, mlango wa tatu uko wapi?"

Twahir aliutafuta. Alikuwa na akili iliyofunzwa kutafuta mlango wa tatu, lakini kila alipogusa palikuwa ukuta. "Tungoje mpaka kesi iishe."

"Tutangoja. Na Saleha wangu atangoja wapi? Kesho akienda kazini, vijana wa Gavamenti Rodi watamwita mke wa hakimu. Posa isipokuja, watamwita yule aliyeachwa na hakimu. Jana alikuwa na jina moja tu."

Pazia la mlango wa ndani lilitikisika, na sauti ya Bi Mabruka ikatangulia kabla ya mwenyewe.

"Mwulize, kaka, mwulize! Posa hupelekwa na shehe na wazee wenye heshima zao. Yeye kaipeleka na askari na pingu! Na lile jitu lenye sauti ya kanisani ndilo mshenga wako? Hee! Mimi nimeona maposa Lamu, nimeona Unguja, nimeona Dar es Salaam. Posa ya kusomwa baina ya mwizi wa kuku na dereva mlevi, hiyo sijaiona!"

"Mabruka, yatosha," alisema Mzee Sharif.

"Hayajatosha! Na huku mwenyewe kanyooka kama mlingoti, hata kichwa hakiinami!"

Ilikuwa kweli. Twahir alikuwa amesimama wima, mikono nyuma, kama alivyosimama mbele ya kila mkubwa tangu utoto wake. Alitaka kuinama. Hakujua inaanzia wapi.

"Waambie wazee wako wasije," alisema Mzee Sharif, akirudia kukunja kanzu. "Sikukatai wewe, Twahir. Naikataa Jumapili."

"Mzee, wamekwisha kuondoka nyumbani."

"Basi Mungu awafikishe salama."

*

Mahali pekee ambapo Twahir na Saleha waliweza kuzungumza bila kuvunja heshima ya mtu ni maktaba ya mawakili, katika jengo la mahakama, ambako mwanamume na mwanamke wakisimama kwenye rafu moja hudhaniwa wanatafuta kitabu kimoja. Ijumaa, baada ya swala, Twahir alimkuta huko. Alikuwa na gauni jeusi, mtandio wa kijivu, na kitabu kizito cha hukumu kifuani kama ngao. Hakugeuka.

"Uache mlango wazi," alisema.

"Nimeuacha wazi."

"Vizuri. Leo hata wafagiaji na wasikie. Nimekwisha kuzoea."

"Saleha, nisamehe."

"Kwa lipi? Litaje. Wewe ni mtu wa kutaja."

"Kwa aibu iliyokupata."

"Aibu haikunipata kama mvua, Twahir. Ulinipa."

"Sikuwa na njia. Ningeisikiliza kesi, ningevunja kiapo. Ningejitoa bila sababu, yule mtu angeondoka akiamini kwamba mahakama ni duka la jamaa."

"Nani alikutaka ujitoe bila sababu?" Sasa aligeuka, na Twahir akaona kwamba macho yale mazuri, yaliyozoea kucheka kabla ya mdomo, yalikuwa mekundu. "'Nina uhusiano wa karibu na jamaa ya mshtakiwa.' Sentensi moja. Mwanafunzi wa mwaka wa kwanza anaijua. Sheria ilitaka uhusiano, haikutaka jina. Wala haikutaka siku ya posa. Ilibaki uwatajie na pilau itapikwa kwa mchele gani!"

Alikuwa ameshinda tena, vile vile kama Dar es Salaam, bila kupandisha sauti. Lakini safari hii hakushusha macho.

"Amin alitabasamu," alisema Twahir. "Waweru alimwona. Nilitaka ajue kila kitu."

"Waweru ana haki ya kujua kwamba hakimu hafai. Mimi si mali ya Waweru."

"Ungeniambia kwamba Amin ana kesi, haya yote yasingetokea!"

Maneno yalipomtoka aliyajutia, lakini yalikuwa yamekwisha kufika. Saleha alikiweka kitabu mezani kwa uangalifu mkubwa.

"Nikuambie? Nimsemeshe hakimu pembeni juu ya kesi ya ndugu yangu? Ungenisikiliza?"

"Hapana."

"Ungeniheshimu?"

Twahir aligeukia rafu.

"Jibu."

"Hapana," alisema Twahir.

"Basi. Nilijua tangu siku polisi walipokuja nyumbani. Baba alisema, mwambie Twahir, yeye ni mtu wa mahakama. Nikamwambia, baba, huyo ndiye mtu tusiyeweza kumwambia. Shangazi akaniita mjinga. Nikakaa na jambo hilo kifuani, nikiwaandalia wazee wako Jumapili yao huku mdomo nimeufunga. Mimi niliweza kukilinda kiapo chako. Wewe hukuweza kulilinda jina langu."

Nje, katika ukumbi, viatu vya mawakili vilipita na kurudi. Mmoja alichungulia, akaona sura zao, akakumbuka kwamba ana shughuli kwingine.

"Baba yako na mimi tumezungumza," alisema Twahir. "Anasema anaikataa Jumapili, hanikatai mimi. Namwelewa."

"Najua unamwelewa. Na yeye anakuelewa. Jana usiku kakusifu mpaka nikainuka mezani. Laiti ungekuwa unamposa baba, mngekwisha kufunga ndoa!" Alicheka kidogo, kicheko kikamkatikia njiani. "Unadhani alilainika kwa sababu ya nini? Kwa sababu umepewa nyumba Muthangari? Miaka miwili, Twahir. Kila akifunga duka nilimpelekea kahawa, nikakaa naye. Sikubishana naye hata siku moja. Nilimsomea gazeti. Nilimwuliza juu ya mababu zake. Nilingoja mpaka siku moja akasema, mwenyewe, bila mimi kumtia neno mdomoni, kwamba Bilali, aliyekuwa mtumwa, hakuwa na ukoo wa kutaja na Mtume alimpenda. Niliondoka nikaenda kulia jikoni."

"Sikujua."

"Hukujua kwa sababu hukuuliza. Umemwuliza baba, tena na tena. Umemwuliza shehe. Umemwuliza mkubwa wako kazini. Wazee wako hivi sasa wamo njiani. Mimi uliniuliza lini?"

Twahir alirudi nyuma katika kumbukumbu yake, kama anavyorudi hakimu katika mwenendo wa kesi, akitafuta mahali palipoandikwa. Alimwona Saleha katika ukumbi wa Dar es Salaam. Alimwona kwenye ngazi za mahakama hii, akimpungia mkono kwa faili. Alikumbuka Idi moja Saleha alipomletea kaimati katika bakuli la bati, wakasimama wote wawili wasijue la kusema. Alimpenda katika kila mahali hapo. Hakuna hata mahali pamoja alipomwuliza.

"Nilidhani unajua."

"Nilijua. Mtu anaweza kujua, na bado akataka kuulizwa."

"Basi nakuuliza sasa." Sauti yake, ambayo haikuwahi kutetemeka mbele ya wafungwa wala majaji, ilitetemeka. "Saleha, utakubali kuwa mke wangu?"

Saleha alimtazama. Mwanga wa dirisha ulikuwa upande mmoja wa uso wake, na Twahir aliuona ule weusi laini chini ya macho, dalili ya usiku asiolala. Alitamani kuunyoosha mkono tu, aguse pindo la mtandio wake. Hakuunyoosha. Naye Saleha aliuona mkono ambao haukunyooshwa, na kwa nukta moja uso wake ukaacha kuwa wa wakili.

"Wiki iliyopita ungeniuliza, ningekubali kabla hujamaliza," alisema. "Ndiyo maana nina hasira nawe, si kwa sababu ya vijana wa barabarani. Kesi ya Amin itaisha. Baba atachoka kununa. Watu watapata mwingine wa kumcheka. Lakini mimi ningekaa na wewe siku zote zilizobaki, na siku zote hizo ningejiuliza: akibanwa tena, ikawa ni mimi au usafi wake, atatanguliza nini? Nimekwisha kuona. Uliniweka mezani kama kielelezo cha kesi."

"Nitabadilika."

"Hilo ni tamko, Twahir, si ushahidi."

"Kwa hiyo jibu ni hapana."

"Ni hapana." Aliibana midomo. "Usinitazame hivyo. Ni hapana yenye sababu, nami nimekupa sababu, na sikulitaja jina la mtu mbele ya watu."

Alikichukua kitabu chake. Mlangoni alisimama, akiwa amempa mgongo.

"Wapokee wazee wako vizuri. Wao hawana kosa."

*

Gari la moshi liliingia Nairobi Jumamosi asubuhi. Wazee walishuka mmoja mmoja, kanzu zao zimekunjamana, tarbushi zao zimenyooka. Walileta gunia la karanga, mkeka mpya, na jogoo wawili waliofungwa miguu ambao walikuwa wameilaani safari tangu Kisumu. Baba Mdogo alimkumbatia Twahir mpaka miwani ikahama.

"Mwanangu! Tumekuja na maneno ya kutosha. Huyu shehe wetu amefanya mazoezi tangu Nakuru, watu wa behewa zima wako tayari kutoa binti!"

Wazee walicheka. Twahir alisubiri kicheko kiishe.

"Hakuna posa, Baba Mdogo."

"Amekufa mtu?"

"Hapana."

"Sasa?" Uso wa mzee ulianza kubadilika. "Ni yule mwenye duka. Nilijua! Wanatuona sisi ni Waislamu wa juzi. Nionyeshe liliko hilo duka, nikamwulize mbele ya wateja wake!"

"Si yeye."

"Basi ni binti! Binti gani huyo wa kumkataa hakimu? Anaringia nini? Ulituandikia 'binti wa Sharif' tu. Jina lake nani? Nimwendee leo hii nimwone uso kwa uso."

Wapagazi wawili walikuwa wamesimama karibu kusikiliza. Twahir alikuwa na kisa kizima ulimini, kisa kizuri, kilichonyooka kwa mujibu wa sheria. Angekieleza pale pale, wazee wote wangekuwa upande wake. Wangesema binti ana kiburi, baba ana ubaguzi, mwana wao ni mwadilifu. Wangerudi Mumias na kukisimulia hivyo, na katika kila baraza jina la Saleha lingefuata kama mkia.

"Kosa nimelifanya mimi," alisema.

"Kosa gani?"

"Langu. Zaidi ya hapo sina la kusema."

"Nimekesha kwenye benchi la mbao, Twahir! Nimekulea. Hata jina?"

"Hata jina, Baba Mdogo. Nisamehe."

Kisha kichwa kilichomshinda kukiinamisha dukani kiliinama pale kwenye jukwaa la stesheni, mbele ya wapagazi na jogoo, na kikabaki kimeinama. Baba Mdogo alikitazama kwa mshangao, hasira yake ikipoa pasipo yeye kupenda. Mwishowe alisonya, akausukuma mkeka mikononi mwa Twahir.

"Haya, tupeleke nyumbani tukanywe chai."

Twahir alitangulia mbele yao kuelekea nje. Saleha hakuwapo kusikia jinsi jina lake lilivyolindwa, na hapakuwa na njia ya kumfikishia habari ile bila kuiharibu.